Darubini ya Chumvi

Haikutoka ng'ambo. Bibi aliichimba mwenyewe
katika kidimbwi chetu, hapa Katwe, mwaka wa ukame:
fuwele ya chumvi, angavu kama jicho la samaki,
mraba pande zote, bila ufa, bila tope.
Fundi redio wa sokoni akaivisha pete tatu za shaba,
pete zinazozunguka, moja ndani ya nyingine,
kisha akakataa malipo. Alikuwa ameijaribu.

"Sharti ni moja," Bibi aliniambia.
"Usilie unapotazama. Hii ni chumvi,
itamtambua nduguye."

Ilipokuwa mpya, husema, ilijaa kiganja.
Ilipofika kwangu ilikuwa sawa na jino la mtoto.
Kadiria mwenyewe nani alitazama, na mara ngapi.

Pete ya kwanza ni ya udongo.
Niliizungusha asubuhi, ziwa likafunuka kama sufuria:
chini ya maji mekundu, chini ya tope linalonuka yai viza,
moto umelala ubavu, mguu mmoja nje ya blanketi.
Nikaelewa kwa nini nyayo zetu huwashwa.
Na ule mtambo uliokufa, mabomba yaliyoliwa na chumvi yenyewe,
niliuona ukiwa mzima, unanguruma,
na ndani yake hakuna mtu.

Pete ya pili ni ya deni.
Magunia yaliyopangwa kando ya barabara yakaota miguu,
miguu ya waliosimama majini ili gunia lijae,
na lori la mchuuzi wa Bwera lilipoondoka
miguu ile ililifuata hadi kilimani, ikichechemea.
Nilimwona Bwambale, mpima mizani,
kidole chake cha mwisho kimelala juu ya sahani.
Nikacheka. Hilo tulilijua bila fuwele.

Pete ya tatu niliiogopa wiki nzima.

Sasa nikueleze jambo: kwetu Wakonzo jina ni hesabu.
Binti wa kwanza ni Masika, naye ni dada yangu,
ana duka la vocha Kasese, ana sauti ya tarumbeta.
Wa pili huitwa Biira. Wa tatu, Kabugho.
Mimi ni Kabugho.
Nilipokuwa darasa la nne nilimwuliza Mama:
baada ya moja, mbili iko wapi?
Akanituma kuteka maji.
Madumu yalikuwa yamejaa.

Siku ile alikuwa kidimbwini, maji magotini,
akikokota chumvi kwa ubao.
Nikasimama tutani, nikafumba jicho la kushoto,
nikazungusha.

Karibu naye alisimama mwanamke, ananizidi umri kidogo,
gauni limekunjwa kiunoni vilevile,
mgongo uleule, namna ileile ya kupangusa paji kwa kiwiko.
Hakuwa mzuka. Alikuwa anafanya kazi.
Mama alikokota kushoto, akamwachia kulia,
akasogea hatua mbili, pale pale ambapo
miaka yote nilidhani anakwepa jiwe.
Akasema neno. Yule akacheka.
Na Mama hakushika fuwele yoyote.

Sharti nililikumbuka likiwa limekwisha vunjika.
Mkononi zilibaki pete tatu, tupu,
na kiganjani kitu chepesi, vuguvugu,
kikidondoka tone kwa tone majini.

Tulivuna baada ya siku tisa. Magunia sita.
Yamekwenda Bwera, yamekwenda Mbarara, moja limevuka Kongo.
Ukiwa mezani, na chumvi ya maharage ikakusimamisha
kijiko hewani, ukahesabu watoto, ukahesabu tena,
usimlaumu mpishi.

Lakini hiyo ni baadaye. Siku ile,
nikiwa bado nimesimama na shaba yangu mkononi,
Mama aliniita: "Shuka, kazi ni nyingi."
Nikaweka mguu majini.
Naye, bila kugeuka:
"Pita huku. Huko kuna mtu."