Mgongo Namba Nne

Uso wako, Dagrún, wanaujua wengine.
Mimi niliyekaa golini naujua mgongo:
nne iliyochubuka kwa kufuliwa,
nywele zilizofungwa kwa uzi wa nyavu za baba yako,
na bega la kushoto linalopanda kidogo
kabla hujaamua kwenda.
Kwa bega hilo niliishi misimu mitatu.

Ulikuja winga. Miaka kumi na sita, mbio tupu,
krosi zako zikiangukia magari yaliyoegeshwa.
Kisha Vigdís akavunjika mguu, wala si uwanjani,
kwenye ngazi za kiwanda cha samaki, kwa barafu,
na Steinunn akatazama benchi
akakuona unamenya chungwa.
“Wewe. Kati. Simama tu.”
Ukasimama kama mtu aliyeombwa ashike mlango usio wake.

Mechi ya kwanza ulijifunga.
Dakika ya nane, kichwa safi, pembe ya juu,
bao ambalo mshambuliaji angelisimulia mpaka uzeeni.
Niliuokota mpira wavuni nikangoja ulie.
Hukulia. Uliuliza, “Mbona hukuniita?”
Nikasema, upepo.
Ukasema, “Basi piga kelele kuliko upepo.”
Tangu siku hiyo koo langu halijarudi lilivyokuwa.

Juu ya mji wetu kuna ukuta wa udongo na mawe,
uliojengwa baada ya theluji kuporomoka usiku
ikazibeba nyumba tisa zilizolala.
Watalii hupiga picha mlima.
Ukuta hakuna anayeupiga.
Bibi yako, aliyefukuliwa hai chini ya meza ya jikoni,
kila asubuhi huufungulia pazia,
huutazama, ndipo amimine kahawa.
Nadhani ubeki uliusomea dirishani pale,
Steinunn alikuja kusahihisha tu.

Saa kumi na moja alfajiri hadi saa sita ulikata samaki vichwa.
Ukipanda basi la timu tulikuachia viti viwili kwa ile harufu,
nawe ukavishukuru, ukajinyoosha, ukakoroma
milima mitatu kwenda, kufungwa nne bila,
milima ile ile kurudi.

Bao lisilofungwa haliandikwi gazetini.
Kwa hiyo naliandika mimi.
Siku ya mvua ya mawe, yule mrefu wa timu ya jiji
alikuwa ameshanipita, mimi nimelala kifudifudi,
goli wazi kama kinywa cha mwenye usingizi.
Nilisikia nyasi bandia zikichanika.
Mpira ukagoma mstarini, ukatoka.
Nawe ukainuka kutoka kwenye nguzo, mdomo damu,
ukanikabidhi kitu: “Nishikie.”
Nilidaka dakika ishirini
na jino lako ndani ya glavu.

Mcheza kwao hutunzwa.
Tulikutunza fulana ya sufu na mfuko wa samaki wakavu
siku ulipotia sahihi mkataba wa Denmark,
juu ya boneti ya gari la Steinunn, kalamu ikigoma kwa baridi.
Hakuna aliyehutubu. Baba yako alikagua matairi
mara nne, magurudumu yote.

Sasa mbele yangu kuna mgongo mwingine,
mtoto wa miaka kumi na mitano, jezi bado ngumu.
Bega lake halisemi lolote.
Kinga na kinga ndipo moto uwakapo, wanasema;
huyu bado kuni mbichi, nami nampulizia.

Jumamosi walikuingiza, dakika ya themanini na nane.
Kamera ikaja karibu mno na uso wako,
jino jipya, jeupe kuliko wenzake,
na nakiri nilichelewa kukutambua.
Kisha ukageuka. Ishirini na mbili.
Bega la kushoto likapanda kidogo,
na mimi, jikoni kwa bibi yako, kikombe mkononi,
nikaliita jina lako
mpaka yeye akainuka kutazama mlimani.