Mtu wa Tano Kutoka Kushoto

Andika, Koplo: Ngumbao Kitsao,
wa Kisumu Ndogo, hapa hapa Malindi,
nyuma ya kinu cha unga cha Baya.
Umri hamsini na mbili. Kazi,
hapo pana kisanduku kidogo,
andika: kusimama.

Usicheke. Kuna watu hulipwa kwa hilo.
Walinipima kwa utepe wa fundi cherehani
kana kwamba wanakata sanda:
kimo sawa na cha Mutiso, nyota wao,
mabega sawa, weusi sawa,
kipara wakakifunika kofia.
Mwezi mzima, kwenye mashamba ya chumvi ya Gongoni,
nilisimama juu ya msalaba wa plasta uliobandikwa chini,
taa zikanipiga, vioo vikanipiga, jua likamalizia,
mpima mwanga akinisogezea kipimo chake kidevuni:
"Usitikisike, Ngumbao. Kushoto kidogo. Hapo hapo."
Na kila kitu kikishakaa sawa,
hata kivuli cha pua kimetulia,
Mutiso hutoka hemani na soda yake baridi,
hunigusa bega, "Asante, mzee,"
akaingia ndani ya mwanga wangu
kama mtu aingiaye kitanda
kilichopashwa joto na mwingine.

Hiyo ni sinema.
Kwenye televisheni nina uso, ila wa kupita.
Nimekuwa daktari mara tatu,
mara zote tatu nikileta habari mbaya.
Nimekuwa chifu mla rushwa,
nikakamatwa kabla ya tangazo la sabuni.
Nimekuwa bawabu msimu mzima:
"Bosi hayupo."
Hayo ndiyo maneno yangu, Koplo, vipindi kumi na vitatu,
na kila mara niliyasema kwa namna yake,
kwani siku nyingine bosi hayupo kwa sababu kasafiri,
na siku nyingine hayupo kwa sababu yumo ndani.
Hakuna aliyegundua.
Dama, mke wangu, aligundua.

Nimekufa pia. Mara sita, au saba.
Usiku nilipoumwa na nyoka
mamangu alilia kwa sauti, leso ikamdondoka,
nami niko naye mkeka mmoja,
nammenyea chungwa.
"Mama, mimi huyu hapa."
"Nyamaza," akasema, "namlilia yule."

Sasa hili la leo.
Mlinikuta kwa kinyozi, mwataka watu wa kimo kimoja,
mshukiwa wenu mmoja, sisi saba wa kujazia.
Nikasema kazi hiyo naijua. Hata malipo sikuuliza.
Nikasimama wa tano kutoka kushoto,
mikono ubavuni, uso mtupu, kama nilivyozoeshwa.
Yule mama mwenye duka la simu kule Barani
akampita wa kwanza, akampita wa pili,
akampita na mwizi wenu mwenyewe
(ni wa tatu, Koplo, nyayo zake zilikuwa zatetemeka),
akafika kwangu, akatulia.
Akanitazama.
Miaka ishirini na sita
hakuna kamera iliyowahi kunitazama hivyo.
"Huyu," akasema. "Huyu namjua. Uso huu nimeuona."

Na kweli kauona!
Usiku mmoja, baada ya taarifa ya habari,
yeye anapeta mchele,
mimi namwambia mwanamke mwingine mumewe hataamka.
Moyo ulinipasuka kwa furaha
kabla hofu haijafika.
Andika na hilo, kama fomu yaruhusu:
mtuhumiwa alitabasamu.

Sikumwibia. Usiku ule nilikuwa Kakuyuni,
nimelazwa ndani ya jeneza la kukodi,
mashahidi thelathini, na mnasa sauti juu yangu.
Wapigie. Ila usiwatajie jina, hawalijui.
Waambie: yule maiti mtulivu.

Nitie sahihi wapi? Nionyeshe alama.
Na yule mama, kama bado yupo hapo nje,
mwulize polepole, usimtishe,
ni kipindi gani alichoniona.
Kile cha hospitali sikukiona mwenyewe.
Stima zilipotea mtaa mzima.