Kunde ya Kware

Mbegu nilizikwaruza kwa msasa wa Ansel,
ule uliobaki na vumbi la kiti
ambacho hakukimaliza.
Zina ngozi ngumu hizi;
bila kuumizwa kidogo haziamki.
Nikazichanganya na mchanga mbichi,
nikazilaza kwenye friji, kando ya siagi.
Mjukuu wangu Tobin akafungua:
"Bibi, siku hizi tunakula mchanga?"

Kunde ya kware, nikamwambia. Si chakula chetu.
Akafunga mlango kama mtu aliyedanganywa.

Machi, udongo wa Missouri ungali na baridi mgongoni,
nikazimwaga kati ya uzio na barabara,
pale mahindi ya Ansel yalipokuwa yakifika
mpaka yanakaribia kugusa lami.
"Ardhi tupu ni aibu," alikuwa akisema.
Miaka arobaini sikumbishia.
Sasa nambishia kwa mbegu.

Julai likaja ua, la manjano,
na tone jekundu kooni.
Nekta halina. Mwenye kutaka chavua aje aifanyie kazi:
nyuki mnene wa manyoya hulikumbatia,
huacha mabawa yatulie, hunguruma kwa kifua
hadi ua lisalimu amri.
Utamu umefichwa kwingine, kwenye kikonyo cha jani,
kitone kimoja, fungu la sisimizi.
Nilipiga magoti na miwani yangu
nikawakuta kwenye foleni,
kama sisi Jumapili mbele ya birika la kahawa.

Kisha viwavi. Wakala majani yakabaki mbavu.
Mkono ulikwenda wenyewe rafuni, kwenye chupa ya dawa.
Ukarudi mtupu.

Agosti ikaja mashine ya kaunti.
Nusu ilikuwa imeshafyekwa kabla sijapata viatu.
Nikasimama njiani na soksi, na kikombe mkononi.
Lonnie Haefner akazima injini.
"Bi. Riedel, haya ni magugu."
"Ni magugu yangu."
Alitazama maua, akatazama soksi zangu,
akainua kisu cha mashine,
akakishusha tena mbele kwenye daraja.
Hakuniaga.

Septemba maganda yakajipinda, yakapasuka,
tak, tak, usiku dirisha likiwa wazi,
kila moja likitupa mali yake mbali.
Jalidi ya kwanza ikaua mashina yote.
Mmea huu hauna mzizi wa kurudia;
mwaka mmoja, basi,
na ulichorusha ndicho ulichoacha.

Leo theluji. Kware sikuwaona.
Nimeona nyayo tu, za vidole vitatu vitatu,
zikizunguka mabua meusi, nyingi,
nikapoteza hesabu nikaanza upya.

Mbegu za mwaka huu sitazikwaruza. Baridi inazitosha.
Msasa wa Ansel umebaki na upande mmoja mzima.
Kiti kina miguu mitatu laini,
na wa nne bado unachoma vidole.