Bango la Kiborloni

Shingo niliikata mimi,
kwa kipanya cha kompyuta, saa sita usiku,
duka letu la kuchapa, nyuma ya soko la Mbuyuni.
Kichwa kilikuja kwenye flashi: mashavu ya mikutano,
macho yaliyozoea kioo cheusi cha gari.
Mwili ni wa Kundaeli wa Pasua,
mnyanyua vyuma vya zege iliyogandia kwenye makopo ya rangi.
Nilimpiga picha kwa elfu tano
na soda.

"Mpe kifua," walisema. "Nchi haibebwi na mabega ya kuning'inia."
Nikampa. Nikachora na mshipa mmoja
ufiche mshono.

Sasa amesimama Kiborloni, mita sita,
mlima nyuma yake nimeupunguza kidogo
usimzidi kimo.
Wavulana wa mitumba wanakunja mikono ya shati, wanajipima naye.
Mmoja ameacha kuwasalimia dada zake.

Ila kovu nilisahau kulifuta:
chini ya kiwiko cha kushoto, mundu wa mpunga, mashamba ya Rau.

Leo mama yake Kundaeli, mkungu wa ndizi kichwani,
alisimama chini ya bango,
akacheka hadi mkungu ukayumba.
Kisha akanyamaza.

"Mkono huu," akasema, "jana usiku ulinishika
nisianguke nikienda msalani.
Huyu aliyeuvaa
ataurudisha lini?"

Nilikuwa juu ya ngazi, na ndoo ya gundi.
Nikajifanya napaka.