Rangi Zilizochuja

Mwanjelwa, Julai, Jumapili asubuhi.
Baridi imeketi kwenye kiti kabla yangu.
Napasha vidole nyuma ya kompyuta,
pale feni inapotoa hewa ya moto
kama pumzi ya ndama.

Kadi ya michoro aliileta Ipyana kutoka Tunduma,
imeviringishwa kwenye sweta la mtoto,
mtumba, na vumbi la nyumba tusiyoijua.
Siku tatu kaka alikaa hapa akipanga rangi:
dhahabu kwenye nyasi, bluu nzito milimani,
ukungu mwembamba mabondeni,
jua likivuja kati ya miti.
"Sasa hiyo," akasema, "ni Rungwe ya saa kumi na moja jioni."
Kisha akapanda lori la Kapiri,
na simu yake hupatikana Jumapili,
tena si kila Jumapili.

Nilicheza ndani ya uzuri huo mwaka mzima,
na mwaka mzima nilikufa.
Nilikufa nikitazama machweo.
Nilikufa nyuma ya ukuta wenye kivuli kizuri.
Vijana wa Iringa, kina Kihwele wa Mshindo,
walinipiga kutoka ndani ya ukungu wa kaka yangu,
nami sikuona hata mdomo wa bunduki.

Alhamisi akaja Asegelile, fundi wa redio,
akatazama raundi mbili, anamenya karanga, kimya.
Halafu: "Fremu thelathini na moja.
Kadi yako inapaka rangi, adui anapita.
Watu wanachuja chai ili wanywe chai.
Wewe unakunywa chujio?"

Tukazima.
Ukungu kwanza. Kisha mng'ao wa maji.
Kisha vivuli vya majani; kila jani lilikuwa na chake, fikiria,
na kila kivuli kinaidai kadi moja ya mtumba.
Ule utando unaoburuza picha ukigeuka ghafla, nao ukaenda.
Ikabaki dhahabu.
Kidole kikasita.
Asegelile akainama chini ya meza
kutafuta karanga ambayo haikuanguka.

Niliandika kwanza namba zote nyuma ya risiti ya LUKU:
dhahabu thelathini na nne, bluu ishirini, ukungu kumi na mbili.
Ndipo nikabonyeza.

Rangi zikachuja
kama kitenge kilichosahauliwa kambani tangu Pasaka.
Mlima ukawa mlima tu, kijivu.
Ukuta ukawa tofali ambazo fundi
hakurudi kuzipiga lipu.
Lakini feni ikashusha sauti,
fremu zikapita mia na kumi,
na mkono wangu na picha vikawa kitu kimoja,
kama mtu na kivuli chake saa sita mchana.

Jana, mechi ya mwisho, Kihwele akatokea ubavuni mwa ghala.
Nilimwona. Habari yote ndiyo hiyo.
Nilimwona akiwa bado bega,
bega la kijivu kwenye dirisha la kijivu,
na alipofika kuwa kichwa nilikuwa nimeshamaliza.
Elfu arobaini ikalia kwenye simu
kabla sijavua hedifoni.

Leo ukungu wa kweli umeshuka Loleza,
umeingia sokoni bila kubisha.
Muuza viazi hana mwili, ni sauti na bei.
Huu hauna kitufe,
na wanawake wa Uyole wanaupita na magunia kichwani
bila kugongana.

Simu inalia. Ipyana, na upepo mwingi nyuma yake.
Anauliza hali ya mama, bei ya mchele, kisha:
"Na ile Rungwe yangu, bado unayo?"
"Ipo," nasema.
Sisemi ipo wapi.

Akikata, natoa risiti ndani ya sweta.
Wino wa LUKU umeanza kufifia, wa kalamu bado.
Dhahabu, thelathini na nne.
Naingia uwanjani bila kuchukua silaha,
picha inakwamakwama, nyasi zinawaka,
na kabla sijafika kwenye miti
mtu fulani, ambaye anaona vizuri,
ananipiga.