Midomo ya Ottokar Wendrich

Mimi ndiye niliyemwandikia maneno:
herufi nyeupe juu ya kadi nyeusi,
na mwenye kampuni akihesabu kadi kama sukari.
"Nitakungoja hata kaburini", hayo ni yangu.
Wendrich, chini ya paa la vioo pale Tempelhof,
kapakwa unga usoni, wanja hadi nyusi,
alipiga goti, akashika mkono wa Hedwiga Pohl,
akamwambia kwa huzuni ya kukata maini:
"Viazi leo asubuhi ni marki milioni tatu,
na vimeoza."
Hedwiga akalia. Machozi ya kweli.
Alikuwa na watoto wanne.

Filamu kumi na tisa. Katika kumi na mbili alikufa:
kwa sumu, kwa bastola, kwa daraja kukatika,
mara moja kwa aibu tu, akiwa amesimama.
Wanawake wa Breslau walimfumia soksi.

Kisha ikaja barua kutoka Leipzig,
ya mwalimu wa shule ya viziwi.
Wanafunzi wangu, aliandika,
wanaangua kicheko shujaa anapokata roho.
Wao husoma midomo, bwana.
Mtu wenu anakufa huku akilalamika
kwamba kiatu cha kushoto kinambana.

Tulicheka ofisini mpaka tukapaliwa.
Wendrich hakucheka. Aliomba anwani.
Tangu hapo, katika kila filamu,
mahali fulani, taa ikiwa imemwelekea,
aligeukia kamera akasema jambo
ambalo sikuliandika.
Nilimuuliza. "Hilo si lako, Bibi Tilde."

Mwaka wa ishirini na tisa wakaleta kinasa sauti,
wakakificha ndani ya chombo cha maua.
Sauti yake ilitoka nyembamba, ya Kisaksoni,
bawaba iliyokosa mafuta.
Mwongozaji akatazama saa yake.
Basi.

Akakata tiketi Chemnitz, miaka kumi na moja,
akiwakatia watu waliokwenda kusikia wengine.
Filamu zake zilichemshwa ili kutoa fedha iliyomo;
mabaki, nasikia, yakawa vitana.

Mazikoni tulikuwa saba, na manyunyu.
Mmoja, mjalidi wa vitabu kutoka Leipzig,
hakumtazama mchungaji hata mara moja.
Nilitoa karatasi, nikaandika
kwa herufi kubwa, kama zamani:
ALIKUWA AKIWAAMBIA NINI?

Akasoma. Akatabasamu.
Akaikunja karatasi, akanirudishia,
na midomo yake ameifumba.