Upatu

Kijana Semboja aliingia Barabara ya Kumi na Tatu
na daftari jipya, kalamu mbili, kikohozi cha adabu.
"Upatu," akasema. "Nimetumwa neno hilo.
Hapa Ngamiani mnalitumiaje?"

Mwajabu, mikono imezama kwenye unga wa mandazi:
"Ni wa Jumamosi. Elfu kumi kwa kichwa.
Tuko kumi na wanne, wiki hii anapokea Mwantumu,
na ukichelewa usije na hadithi za msiba."

Shemeji yake, sikio kwenye redio:
"Ah, si huo! Timu yetu leo inapigiwa upatu."
"Nani anaupiga?"
Shemeji akapunguza sauti, akafikiri.
"Hakuna anayeupiga, bwana. Unapigwa tu."

Mimi nilikuwa kizingitini nachambua mchele.
Nikahisi jiwe kwenye jino
kabla sijala.

Andika, nikamwambia.
Upatu ni shaba.
Mpana kama sinia la watu wawili, ukingo umekunjwa,
katikati una kovu, palipopigwa na waliokwisha kufa.
Bibi yangu Somoe aliufunika juu ya chano cha mti
ili upate tumbo la kusemea.
Vijiti viwili vya upongoo wa mnazi,
ncha zimechanika kama mswaki wa mzee.
Haukuwa na maneno. Ngoma ndizo zilizosema,
zumari ndiyo iliyolia.
Upatu ulihesabu.
Ti-ti-ta. Ti-ti-ta.
Mwenye pepo akipotea huko alikokwenda,
hesabu ile ndiyo iliyomrudisha kwa mguu wake.
Aliponifunza alinishika kifundo cha mkono.
Nikikosea, aliguna.

"Kuhesabu," Semboja akaandika, akapiga mstari chini.
Labda ndipo hela zilipopata jina lake,
zamu kwa zamu, hakuna wa kuruka.
Sijui. Hilo usiliandike.

Lakini hili liandike:
mwaka ule mvua zilipobomoa choo chetu
Tunu alipokea fungu la kwanza
akaonekana stendi na begi jekundu, basi la Handeni,
asirudi.
Aliyemdhamini ni Bibi.
Wanawake walikuja. Hawakugomba.
Walikaa ukumbini, wakaomba maji, wakayanywa,
wakakaa.
Angalau wangetukana.

Alfajiri Bibi aliusugua kwa ndimu na majivu
mpaka nikajiona pua ndani yake.
Akaufunga kanga, akanitwika.
Kwa Kibwana wa vyuma chakavu, nyuma ya soko,
mizani ilisema kilo nne na robo.
Kibwana aliugonga kwa ukucha, mara moja,
ahakikishe ni shaba kweli.

Ulijibu.
Ulijibu mpaka tukafika nyumbani.

Basi upatu ukalipa upatu.
Neno likamla pacha wake, likabaki na jina,
na siku hizi limehamia redioni
kuwasifu wanaume wenye viatu vya meno.

"Sasa maana ya kwanza ni ipi?" Semboja akauliza.
Alikuwa amechora moja, mbili, tatu pembeni,
ameziacha wazi kama viti vya wageni.
Nikamwambia, ya kwanza ni ile usiyoweza kuinunua tena.
Akaandika. Akafuta.
Akasema kamusi haina nafasi hiyo.

Akaondoka na mandazi mawili kwenye gazeti.

Jumamosi nakaa na kopo la maziwa ya unga,
hela zote ndani, majina kumi na manne kwenye karatasi.
Kabla sijaita wa zamu
mkono wangu unachukua kijiko, unagonga mfuniko.
Ti-ti-ta.
Bati. Sauti fupi, haina tumbo.
Hata hivyo wanawake hunyamaza, wote, hata watoto wao,
na mmoja, Mwantumu, nimemwona
kidole cha mguu kinaitikia chini ya gauni.

"Fungua kopo, bibi wee," asema Mwajabu.
"Mafuta yanaungua."